Dole Gumba la Nambari Nne

Karani alisoma majina kwa sauti ya mtu anayehesabu magunia.
Moja, fundi wa mashine ya barafu.
Mbili, nduguye.
Tatu, shemeji wa nduguye.
Nne, Bunu Athman Kale, mvuvi, wa Kizingitini,
dole gumba la kulia.

Nilimtazama mama. Mama alikuwa akitazama feni.

Kesi yenyewe ni ndogo, ukiisikia kwa mbali.
Wazamiaji kumi na wanne tuliomba kusajili ushirika,
Mkono Mmoja, jina tukaliandika kwa kalamu ya kuazima,
tukalipa ada, tukapewa risiti ya waridi,
na baada ya miezi saba, barua:
jina lina wenyewe.
Kuna Mkono Mmoja mwingine, umeshasajiliwa,
mwenyekiti wake Famau Shee, mnunuzi wetu wa kambakoche,
mtu ambaye maji ya chumvi
huyajua kwa kuyafuta viatuni.

Mizani ni yake tangu zamani.
Sasa majokofu ya ruzuku yakija yatamkuta yeye,
na sisi tutakuwa wavuvi wake kwa mujibu wa sheria
kama tulivyokuwa wake kwa mujibu wa deni.

Wakili wake analipenda neno nyaraka.
Hulitamka kama anayeonja halua.
"Mheshimiwa, nyaraka ziko wazi.
Wanachama kumi, alama kumi."

Baba yangu alifariki Mfungo Tano, mwaka juzi.
Fomu ina tarehe ya kabla hajafa.
Kwa tarehe walikuwa waangalifu.
Kwa dole, hapana.

Dole gumba la kulia la baba lilikwenda na mshipi
siku papa alipouvuta, nami nina miaka tisa, nashika kata.
Lilikatika kwenye kiungo.
Aliuliza kwanza kama papa bado yupo.
Tangu hapo mji mzima ukamwita Bunu Tisa,
hata imamu, hata huyo Famau,
aliyekuwa akimhesabia noti kwenye kiganja cha kushoto.

Nikasimama, nikayasema haya.
Wakili akatabasamu. "Ana hati ya daktari?"
Alitibiwa kwa chumvi na kitambaa.
"Picha?"
Picha ya kitambulisho huishia mabegani.
"Basi upo waraka wowote, bwana,
unaoonyesha kwamba dole hilo halikuwepo?"

Nikanyamaza. Kisichokuwepo hutiwa sahihi na nani?

Mama akainuka bila kuitwa.
"Mato yangu ndiyo hati," akasema.
Akaambiwa akae. Hakukaa.
Akafungua pakacha lake, akatoa kipande cha jarife,
kigumu, cheusi kwa miaka,
akakinyoosha juu ya meza penye maji ya chupa.
Mafundo yote yamegeukia kushoto.
Mwanamume asiye na dole la kulia hufunga hivyo,
kwa meno na kwa mkono wa pili.
"Mpeni Famau afunge moja tu kama hili."
Famau akatazama viatu vyake.

Hakimu alilishika fundo muda mrefu.
Akalivuta. Halikufunguka.
Akalivuta tena, safari hii kama aliyesahau kuwa tunamwona.
Kisha akaandika. Kipande hiki si waraka, akasema,
lakini kitapokelewa kama kielelezo,
kipewe nambari, kibaki mahakamani.
Kesi itatajwa tena tarehe kumi na tisa.

Mama aliuliza jarife yake itarudi lini.
Hakuna aliyemjibu.
Karani akamsogezea fomu ya kukiri kwamba ameiacha,
na kwa kuwa mama hakusoma, akamsogezea wino.
Akatia dole lake gumba, la kulia, zima,
akaitazama alama ile
kama aliyeonyeshwa picha ya mgeni.

Boti yetu ya kurudi ilijaa. Tulikaa juu ya magunia ya unga.
Mpaka tunashuka Kizingitini dole lilikuwa bado la buluu,
naye alikuwa amelikunja ndani ya ngumi,
asije mtu akaliazima.